Sura ya Tano: Mwamshuhudiaje?

Oktoba 2014, maiti ya Profesa Ali Mazrui ilitoka jimbo la New York ikaletwa Mombasa, kama alivyousia, ikazikwa katika makaburi ya ukoo wake karibu na Ngome ya Yesu. Ukoo huo ndio ulioitawala Mombasa hadi mwaka 1837, Sayyid Said wa Omani alipoutwaa mji. Marehemu alirudi kulala na mababu waliokuwa na bendera na mizinga, yeye akiwa na vitabu. Vitabu hivyo, pamoja na mihadhara ya Reith aliyoitoa BBC mwaka 1979 na mfululizo wa televisheni wa mwaka 1986 juu ya Waafrika na urithi wao wa aina tatu, vilimfanya awe miongoni mwa Waafrika waliosikilizwa sana duniani. Anayetafuta mfano wa mtu wa Mombasa aliyefaulu huanzia hapo, na haki yake.

Turudi nyuma, hadi mwisho wa miaka ya 1940. Kijana huyo huyo ametoka kwenye mtihani wa Cambridge na daraja la tatu. Kwa matokeo hayo Makerere haikumpokea. Akapata kazi ya ukarani katika Taasisi ya Elimu ya Kiislamu ya Mombasa, ambayo leo ni Chuo Kikuu cha Kiufundi cha Mombasa. Siku moja ya Maulidi akasimama kuhutubia, na Gavana Philip Mitchell akawa miongoni mwa wasikilizaji. Hotuba ilimpendeza, na mlango wa ufadhili ukafunguka: Manchester, Columbia, kisha Oxford. Kabla hajatimiza miaka 35 alikuwa profesa, tena pale pale Makerere palipokuwa hapamtaki.

Kisha kuna babake. Sheikh Al-Amin bin Ali Mazrui, Kadhi Mkuu wa Kenya kuanzia 1937 hadi alipofariki 1947, alitaka mwanawe aende Al-Azhar, Misri, arudi mwanachuoni wa dini kama yeye. Hakuishi kuona mambo yalivyogeuka. Angaliishi hadi 1960, akaletewa habari kwamba kijana amepata shahada ya siasa Manchester, je, angalifurahi? Nadhani angalifurahi nusu. Sheikh huyu hakuwa adui wa elimu ya kisasa. Katika magazeti yake, Sahifa na Al-Islah, mwanzoni mwa miaka ya 1930, aliwasuta Waislamu wa pwani kwa kuachwa nyuma huku wenzao wakisoma, na kwa kuiga ya Wazungu yasiyo na faida wakayaacha yenye faida. Ila alikuwa na hesabu yake, na mwanawe alitoka nje ya hesabu hiyo.

Mtu mmoja, basi, amepimwa mara tatu: na mtihani, na baba, na dunia. Hakuna hata mara moja alipojipima mwenyewe. Hilo ndilo nililoliona Mombasa kila nilipouliza nani amefaulu maishani. Sikupata mtu aliyenijibu, "Mimi." Mtu akisema hivyo kwenye baraza za Kibokoni atachekwa kabla kahawa haijapoa. Kufaulu hapa husemwa na watu wengine, na mara nyingi husemwa mwenyewe akiwa hayupo.

Mahali panaposemwa kwa uwazi kuliko kwingine ni mazikoni. Jeneza likiwa tayari, msemaji wa familia husimama akatangaza: aliyemdai marehemu aende kwa fulani, atalipwa, aliye na kinyongo naye, amsamehe. Kwingine imamu huongeza swali: "Mwamshuhudiaje?" Na umati hujibu kwamba alikuwa mtu mwema. Sijapata kusikia umati ukijibu vinginevyo, na wala sitarajii. Jibu lenyewe la kweli hutolewa jioni, kahawani, kwa sauti ya chini. Lakini tazama yanayoulizwa. Deni. Kinyongo. Ulivyoishi na watu. Gari, shahada na idadi ya vyumba haviulizwi. Mafundisho ya dini yanayorudiwa sana misikitini humu yanasema hivyo hivyo kwa njia nyingine: mtu akifa amali yake hukatika, isipokuwa sadaka inayoendelea, elimu inayonufaisha watu, na mtoto mwema anayemwombea. Yote matatu hufanya kazi mwenyewe akiwa ameshaondoka.

Ingekuwa vizuri kama mji ungeshika kipimo hicho tu, lakini Mombasa haijapata kuwa mji wa kipimo kimoja. Wenyeji wa Mji wa Kale walikuwa na chao cha zamani: nyumba ya mawe, nasaba inayojulikana katika Thenashara Taifa (tisa za upande wa Mvita, na tatu za Kilindini, Tangana na Changamwe), usemi mzuri, na mwendo wa taratibu. Muungwana hakimbii njiani, hali barabarani, hapandishi sauti. Nayapenda mengi katika hayo. Lakini tusijifanye hatujui uungwana huo ulisimama juu ya nini. Kulikuwa na muungwana kwa sababu kulikuwa na mtumwa, na taratibu za mmoja zililipwa kwa jasho la mwingine. Sheria ilipoufuta utumwa hapa pwani mwaka 1907, jina la muungwana halikugawiwa wote. Ng'ambo ya pili, Freretown, kijiji ambacho wamisionari walikianzisha mwaka 1875 kwa waliokombolewa, watu walijitengenezea kipimo kingine kabisa: kusoma, kuandika, kazi ya ualimu au ukarani, na jina la Kikristo. James Mbotela, mwana wa jamii hiyo, aliandika kisa cha wazee wao katika Uhuru wa Watumwa. Kwa miaka mingi watu wa pande mbili za maji walitazamana, kila upande ukiamini kwamba wa pili haujafika.

Na wanawake? Vitabu vya wanaume havisemi sana. Bahati nzuri mwanahistoria Mmarekani, Margaret Strobel, alikaa Mombasa miaka ya 1970 akazungumza na akina mama wazee, akatoa kitabu mwaka 1979. Humo mna habari za vyama vya lelemama, ngoma ya wanawake, na mimi naziona ni katika habari tamu kabisa za kisiwa hiki. Viwili vilivyovuma ni Ibinaal Watan na Banu Saada. Vilikuwa na vyeo, sare, na ushindani usiokwisha. Chama kimoja kikicheza na kuwalisha watu, cha pili kilikuwa hakilali mpaka kizidishe: ngoma kubwa zaidi, nguo bora zaidi, ng'ombe zaidi wa kuchinjwa. Wako waliotoa vito vyao, wako walioweka nyumba rehani ili jina la chama lisianguke.

Wanaume wa dini walilaani, na wakoloni walishangaa. Ukiitazama hesabu kwa kalamu ya mwenye duka, ni uharibifu mtupu. Lakini fikiria mwanamke asiyekuwa na kiti katika baraza, asiyeitwa mahakamani kama hakimu wala msikitini kama imamu, na huenda mamake au nyanyake alikuwa mtumwa katika nyumba ya watu. Ndani ya lelemama alikuwa na cheo. Aliongoza, alisimamia fedha, alitajwa katika nyimbo, na mji mzima ulijua nani ameshinda. Hakuwa na uwanja mwingine wa kushinda. Uwanja mwingine ulipopatikana, mambo yalibadilika: kufikia mwisho wa miaka ya 1950 kulikuwa na vyama vipya vya wanawake Waislamu vilivyojishughulisha na masomo na maendeleo, na lelemama ikaanza kupoa. Nguvu ile ile ilihamia kwingine.

Sehemu yake ilihamia harusini, na huko ingaliko. Usiku wa kupamba, bibi harusi akiwekwa jukwaani atazamwe na wanawake mia kadhaa, anayepimwa hasa ni mamake. Ukumbi gani? Mpambaji nani? Biriani ilitosha, au watu wa nyuma walipata wali mkavu? Mama aliyeoza binti zake wote kwa heshima ametua mzigo, na watu wataona ametua. Wengine hutua mzigo huo wakabeba wa deni, na wa deni huchukua miaka. Maduka ya leso ya mtaa wa Biashara nayo yanaishi kwa macho ya majirani. Duka maarufu la Mali ya Abdulla limekuwapo tangu 1887, na ukisoma majina ya leso zinazoning'inizwa mtaani hapo utaona jinsi wivu, husuda na kusemwa vinavyouza. Mji ambao kufaulu ni kushuhudiwa ni lazima uwe pia mji wa kuoneana jicho.

Mwanaume tajiri wa zamani hakuepuka hukumu hiyo, ila yeye alikuwa na njia ya kuipitia. Allidina Visram alizaliwa Kutch, India, mwaka 1851, akaja Zanzibar akiwa mtoto wa miaka 12 hivi kufanya kazi dukani. Alipofariki mwaka 1916 maduka yake yalikuwa yametapakaa kutoka pwani hadi Uganda na kuvuka hadi Kongo. Misafara, pamba, pembe, bidhaa za dukani, yote yalipitia mikononi mwake. Katika Afrika Mashariki ya wakati ule hakukuwa na mfanyabiashara wa kumlinganisha naye. Mwanawe akajenga shule ya kumkumbuka baba, ikafunguliwa mwaka 1923. Biashara yenyewe haikudumu. Katika miaka ya 1920 himaya yote ikasambaratika. Leo kijana wa Mombasa anayelitaja jina la Allidina Visram anataja shule. Maduka hayajui, na wengi wanaovaa sare ile hawajui hata kwamba mtu huyo alikuwa na maduka.

Waislamu wa Mji wa Kale nao walikuwa na desturi ya wakfu: mtu hufunga nyumba au shamba lisiuzwe tena milele, kodi yake iende msikitini, madrasani, au kwa kizazi chake. Ziko nyumba ambazo waliozifunga wamesahauliwa sura, lakini mafuta ya taa ya msikiti, na siku hizi bili ya umeme, hutoka kwao. Kuna ugomvi pia. Nyumba za wakfu zisizotunzwa zimebomoka, na wajukuu wamefikishana mahakamani. Siku hizi vizuri vya zamani huharibiwa zaidi na walio hai kuliko na mvua.

Sasa tuvuke mji twende upande wa Kilindini, kwa watu ambao hawakuwa na nyumba ya kufunga wala nasaba ya kutaja. Kibarua wa bandarini alikuwa akiajiriwa kwa siku. Meli ikija, anakula. Meli ikichelewa, anakopa. Januari 1947 wafanyakazi wapatao 15,000 wa mji huu waligoma, wakawa wanakutana kwenye uwanja waliouita wenyewe Kiwanja cha Maskini. Kwao, kufaulu kulikuwa na sura nyepesi kueleza: malipo yanayotosha chakula na kodi, na heshima ya kuitwa kwa jina. Baadaye, bandari ilipoanza kuajiri watu kwa kudumu, wazo hilo likazaa ndoto ya vizazi viwili. Kazi ya bandari! Mzee aliyestaafu bandarini, akasomesha watoto, akaezeka nyumba mtaa wa Majengo, alihesabiwa kuwa ameyamaliza ya dunia.

Hata hiyo nyumba ya Majengo ina maajabu yake, ambayo mgeni wa bara huchukua muda kuyaelewa. Mombasa mtu anaweza kuwa na nyumba bila ardhi. Kuta ni zake, paa ni lake, anaweza kuipangisha, kuiuza au kuirithisha. Lakini udongo ulio chini ni wa mwenye kiwanja, na kila mwezi humlipa kodi ya ardhi. Familia hukaa hivyo miaka hamsini, sitini, kisha kiwanja huuzwa kwa mtu mwingine na notisi ikaja. Wanaosema kwamba kufaulu ni kuwa na nyumba yako mwenyewe wangeongea kidogo na watu wa Majengo, wakajifunza kwamba neno "yangu" lina orofa.

Ndoto ya bandari nayo ilitikiswa. Reli mpya ilipoanza kubeba mizigo, na serikali mwaka 2019 ikaamuru makontena yapelekwe kwa treni hadi Nairobi, madereva wa malori, mawakala wa forodha, wenye maghala na akina mama wanaouza chakula kando ya barabara waliona riziki ikipita mbele yao bila kusimama. Watu wakaandamana Jumatatu baada ya Jumatatu. Mwaka 2022 rais mpya alipoapishwa aliagiza shughuli hizo zirudishwe Mombasa. Waliouza malori yao katikati ya miaka hiyo hawakurudishiwa. Nitaje pia Arabuni, ingawa kwa ufupi, maana kila familia inajua. Kijana au binti huenda Saudia, Dubai au Doha, na nyumba ya wazazi huota ghorofa. Wanaorudi na kitu hukaa barazani. Wanaorudi bila kitu hupitia kichochoro cha nyuma, na walichokiona huko hawasemi, kwa sababu hakuna anayeuliza ila waliacha nini benki.

Katika yote niliyoyasoma na kuyasikia, hakuna kisa kinachonivutia kama cha ndugu watatu wa Mombasa. Mkubwa, Sheikh Abdilahi Nassir, aliyezaliwa 1932 na kufariki 2022, aliingia siasa za Mwambao, za kudai pwani ijitawale, kabla ya uhuru, akashindwa. Akafanya kazi ya uchapishaji wa vitabu. Kisha, akiwa mwanachuoni anayesikilizwa, akajitangaza kuwa Shia katika mji wa Masuni, akijua atapoteza marafiki. Wa pili, Ahmad Nassir Juma Bhalo, alikuwa mshairi na tabibu. Mashairi yake yaliimbwa na binamu yake, Juma Bhalo, yakapigwa katika kila redio ya pwani, na akiwa angali kijana alitunga utenzi mrefu juu ya utu, uitwao Mtu ni Utu. Wa tatu, Abdilatif Abdalla, alikuwa mfanyakazi wa baraza la mji aliyeandika karatasi ya kuuliza Kenya inakwenda wapi. Kwa karatasi hiyo alifungwa kuanzia 1969 hadi 1972. Gerezani akaandika mashairi kwa siri kwenye karatasi za chooni. Yalipotoka kuwa kitabu, Sauti ya Dhiki, kilipewa Tuzo ya Jomo Kenyatta mwaka 1974, yaani tuzo yenye jina la rais yule yule ambaye serikali yake ilimfunga. Yeye alikwishaondoka nchini, na maisha yake ya kazi yakapita Dar es Salaam, London na Leipzig.

Wapime ndugu hawa kwa vipimo tulivyokwisha kuvitaja. Kwa kipimo cha bandari, Abdilatif aliharibu ajira nzuri. Kwa kipimo cha baraza, Sheikh Abdilahi aliharibu heshima iliyokwisha kukamilika. Kwa kipimo cha Arabuni, Ahmad Nassir hakutajirika, na nyimbo zilizomtoa machozi bibi wa Lamu hazikumjengea ghorofa. Hata hivyo sijui nyumba nyingine ya Mombasa ambayo majina yake yanatamkwa kwa uzito kiasi hicho, na watu wanaoyatamka ni pamoja na wale waliowapinga. Ilichukua miaka mingi mji kutoa ushahidi huo. Hapo ndipo ninapokosana kidogo na watu wangu: ushahidi wa watu ni kipimo kizuri, lakini hukawia, na kabla haujafika unaweza kumvunja mtu.

Na wako wasioshuhudiwa na yeyote. Mji wa Kale una msiba wa unga, yaani dawa za kulevya, ambao hautajwi harusini. Karibu kila mtaa una mama ambaye mwanawe aliuza redio, kisha mitungi, kisha milango. Tangu Kenya ilipoanza tiba ya methadoni mwishoni mwa 2014, huduma hiyo imefika Kisauni, ng'ambo ya daraja la Nyali, na kijana aliyeamua kuacha hulazimika kwenda huko kila siku, anywe dawa mbele ya mhudumu, arudi. Kila siku, hata Idi, hata ikinyesha. Mama wa kijana aliyevumilia mwaka mzima wa safari hizo ana la kujivunia zaidi kuliko mwenye ghorofa, ila hana ukumbi wa kulitangazia, wala leso yenye jina la kulisema. Jirani akimuuliza hali ya mwanawe, hujibu, "Alhamdulillahi, yupo," na mazungumzo yakaishia hapo.

Basi wewe unayekaa barazani, kwa kuwa neno lako ndilo kipimo cha mji huu, ukimwona kijana huyo anapita usimwite teja. Mwamkie kwa jina lake, na umuulize mamake yuaendeleaje.